Pembe Niliyopuliza Mimi

Siku ile tulikuwepo watano. Elia, mdogo wangu, mwenye gitaa. Hamisi, ambaye familia yake ina duka la vitenge karibu na stendi ya Same, mwenye gitaa la besi. Gody, aliyetoka Moshi na laptopu na maiki mbili kwenye begi la mgongoni. Mimi, Namsifu, mpiga ngoma. Na Fundi.

Wanne nimewataja. Wa tano sitamtaja jina, wala kijiji chake cha mlimani, na ukifika mwisho utaona kwamba si kwa kusahau. Miaka kumi na moja nimemwita Fundi. Mji mzima ulimwita hivyo, hata mchungaji wake.

Nilifika kwenye gereji yake nikiwa na miaka kumi na saba. Wazazi wetu walikuwa wamekufa wote wawili, nami nilikuwa nimeacha shule kidato cha pili ili wadogo zangu, Elia na Neema, wasiache yao. Nilisimama mlangoni nikaomba kazi.

"Unajua nini?" akaniuliza, kichwa kikiwa ndani ya boneti.

"Sijui kitu. Nina wadogo."

"Wadogo si ufundi," akasema. Kisha akanipa kopo la petroli na brashi. "Osha hizo plagi."

Hilo neno, nina wadogo, nililitumia kwa mwenye nyumba, kwa mwalimu mkuu, kwa mwenye duka, kwa wanaume walionitaka. Lilikuwa kweli, na lilifungua milango mingi. Nalitaja hapa kwa sababu kuna mlango mmoja lilioufunga.

Fundi alikuwa anasikiliza kwa bisibisi. Alikuwa nayo moja ndefu, mpini wake wa mbao uking'aa kwa jasho la miaka. Ncha anaiweka kwenye injini inayonguruma, mpini anauegemeza sikioni, anafumba macho. Wateja wapya walimcheka. Dereva mmoja wa lori akamwuliza, "Vipi mzee, inakusalimia?"

Fundi hakufumbua macho. "Inalalamika juu yako. Inasema oili hujaibadilisha tangu Pasaka."

Yule dereva akaenda kukaa kivulini.

Alikuwa bahili wa ajabu. Nati iliyokatika nusu aliitunza kwenye kopo, akisema nusu nyingine itakuja. Sukari ya chai aliipima mwenyewe kwa kijiko cha plastiki, na ukijisogeza karibu na mkebe anakohoa. Lakini Neema alipolazwa na malaria, mtu huyohuyo alifunga gereji siku tatu, akakaa kwenye benchi la hospitali akisoma gazeti moja, lile lile, mpaka mtoto akaomba uji.

Na hakuwa anadanganya. Sisemi hivi kama watu wanavyosema msibani. Fundi wa magari anayesema "hapa nimeharibu mimi" ni mtu adimu, uliza mwenye gari yeyote. Siku moja tulikuwa tunakula akaacha kula, akanawa, akavaa shati. "Gari la yule bwana wa Kisiwani," akasema. "Kuna nati sikuikaza." Hakuwa na namba yake ya simu. Akapanda basi mpaka Kisiwani, akamtafuta mtu, akakaza nati, akarudi jioni amejaa vumbi. Yule bwana hakuwa hata amegundua. Nilimwambia angeweza kunyamaza, asingejua mtu. Akaniangalia kama nimesema kwa lugha asiyoijua.

Kwenye gari kulikuwa na kitu kimoja hakukigusa: honi. Angeweza kuishusha injini yote chini na kuipandisha, lakini ikifika kujaribu honi ananiita. "Bonyeza wewe."

"Kwa nini usibonyeze mwenyewe?"

"Honi ni kuita mtu. Mimi nikiita, watu wanakuja."

Nilidhani ni majivuno ya uzee. Baadaye nilielewa. Huko kwao juu maji ya shamba hayafiki yenyewe. Yanateremka kwa mfereji wa udongo kutoka kijitoni, usiku yanajikusanya kwenye ndiva, lile bwawa la mawe na udongo walilolijenga mababu, na asubuhi yanafunguliwa kwa zamu. Mfereji ukiziba au ukuta wa ndiva ukibomoka, pembe inapulizwa, na kila nyumba inatoa mtu na jembe. Kazi hiyo ya wote Wapare tunaiita msaragambo. Hakuna anayeuliza kwanza kuna nini. Ukiisikia unaacha ulichoshika. Pembe hiyohiyo hupulizwa mtu akifa.

Nyumba ya Fundi ndiyo iliyotunza pembe. Ilikuwa ya baba yake, ikawa ya kaka yake, kaka alipofariki ikawa yake. Siku za kazi alikuwa Same na mafuta mikononi, Jumamosi jioni anapanda kulala kwake na Jumapili anateremka kuwahi kanisa, na siku akihitajika ghafla wanampigia simu. Anapanda pikipiki kwenda kupuliza pembe, anateremka kumalizia breki za mtu.

Alidai hapendi kelele. Alikuwa mkali kwa redio za wateja. Jumapili alikaa benchi la mwisho kanisani, karibu na mlango, kwa sababu, alisema, kinanda kinamwumiza meno. Halafu Elia na Hamisi walipoanza bendi na kukosa pa kufanyia mazoezi, yeye ndiye aliyesema, "Jumamosi mchana nikishafunga, gereji ni yenu. Msiguse jeki."

Elia alikuwa ameokota kwenye simu muziki unaoitwa panki. Alinieleza kuwa ni muziki wa watu wenye hasira na ala mbovu. Ala mbovu tulikuwa nazo. Ngoma zangu zilikuwa pipa la oili, ndoo mbili, diski za breki na kifuniko cha ringi ya basi nilichokining'iniza kwa waya. Ampli yetu ilitupwa na kanisa kwa sababu ilikoroma. Fundi aliifungua, akachomelea waya mmoja, akaifunga tena.

"Bado inakoroma," Elia akalalamika.

"Nikiimalizia itaimba kama ya kanisani. Mnataka hivyo?"

Hatukutaka. Bendi tukaiita Oili Chafu.

Miezi ya kwanza tulikuwa kelele tupu. Kilichotubadilisha ni gitaa la Fundi mwenyewe. Hatukujua analo. Siku moja mvua ilituzuia ndani, akalitoa nyuma ya kabati la vipuri, kavu, bila ampli, akapiga kodi mbili tu, kila moja nyuzi kadhaa kwa pamoja, na kuimba polepole. Anaimba mstari, anaurudia uleule kama mtu asiyeamini alichosema, halafu anaujibu.

*Nimeamka na jembe, shamba limekwenda wapi.*
*Nimeamka na jembe, shamba limekwenda wapi.*
*Iulizeni mvua, ndiyo iliyopita hapa.*

Hamisi, ambaye hawezi kukaa dakika bila utani, aliinamisha kichwa. Nyimbo za namna hiyo Fundi alikuwa nazo nyingi, za mfereji, za mkewe aliyetangulia, za mkonge uliokauka. Tukazichukua. Elia akaziimba kwa sauti ya kukwaruza, mimi nikazipiga pipa, ampli ikakoroma. Hasira yetu ikapata kitu cha kulilia.

Gody alipokuja kuturekodi alisikiliza wimbo mmoja akavua vipokea sauti. "Mzee, hii ni bluzi kabisa."

"Ndiyo nini hiyo?"

"Muziki wa huzuni wa watu weusi wa Marekani."

Fundi akafikiri. "Basi na wao wana mifereji," akasema, akarudi kwenye kabureta yake.

Albamu yetu ina nyimbo tisa. Tulirekodi kulekule gereji, mchana, na kila lori likipita barabara kuu Gody anashika kichwa. Siku ya tatu alichoka, akaacha malori yaingie. Ukisikiliza wimbo wa nne utalisikia moja likibadilisha gia kupanda kuelekea Mwanga, na Hamisi hushikilia kwamba ndilo lililopiga besi kumshinda yeye.

Wimbo wa tisa ulikuwa wa mfereji, na Gody akataka pembe. Alimwomba Fundi wiki nzima. Mwishowe Fundi akasema, "Nitawapeleka. Mtaiona, mtaishika, mtarekodi nikiigonga kwa kidole. Kupuliza, hapana. Mmenisikia?"

"Tumekusikia, Fundi," tukajibu. Mimi ndiye niliyejibu kwa sauti kubwa zaidi.

Tulipanda asubuhi ya Jumanne. Same chini upepo ulikuwa na vumbi lake la kawaida, lakini kule juu migomba ilikuwa inadondosha maji. Fundi aliitoa pembe ndani ya kitambaa, akanipa niishike mimi kwanza, kwa kuwa ni mkubwa wa kundi. Tulikaa ukingoni mwa ndiva. Gody akafungua laptopu, akasimika maiki. Fundi aliigonga pembe kwa kucha, akaimba kidogo, tukarekodi. Kisha akasema anakwenda kwa shemeji yake kuchukua chupa ya chai, ng'ambo ya bonde, nyuma ya migomba.

Alipopotea, Gody akanigeukia. "Dada, mara moja tu. Sekunde tatu. Hapa hakuna mtu."

Elia akasema, "Dada, acha. Amekataza."

Hapo ndipo ningeacha, kama si kwamba aliyeniambia ni Elia. "Nimekulea mimi," nikamwambia. "Leo utanifundisha?"

Nikapuliza. Ilitoka sauti ya mbuzi, Hamisi akacheka mpaka akalala chali.

"Rudia," Gody akasema. "Maiki ilikuwa mbali."

Nikarudia. Safari hii ilitoka nene, ikagonga mlima wa pili ikarudi.

"Karibu kabisa. Rudia mara ya mwisho, ndefu."

Kurudia ndiyo kazi ya kurekodi. Tulikuwa tumerudia kila kitu kwa majuma mawili, na kurudia hakukuwa na ubaya wowote. Nikavuta pumzi toka tumboni nikapuliza ndefu. Gody akainua kidole gumba.

Sikujua kwamba milio inahesabiwa. Mara moja ni mkutano au msiba. Mbili ni mfereji. Tatu ni ukuta wa ndiva umebomoka, watu wakimbie.

Wakakimbia. Tulisikia miguu kabla ya kuona mtu. Mwanaume mmoja alikuwa na povu la sabuni kwenye shavu moja na la pili limekwishanyolewa. Mama mmoja mjamzito alikuja ameshika tumbo kwa mkono mmoja na jembe kwa mkono wa pili. Bibi mmoja alikuja akilitumia jembe kama fimbo, pumzi zimemwishia, akakaa chini kwenye tope bila kutafuta pakavu. Wakaendelea kuja mpaka ukingo wote wa ndiva ukajaa, kila mtu anatazama ukuta, na ukuta ulikuwa mzima.

Mzee wa ndiva, anayegawa zamu za maji, akatembea ukingo wote akigusa mawe. Aliporudi akauliza, si kwa ukali, "Nani kapuliza?"

Pembe ilikuwa chini, katikati yetu. Mdomoni nilihisi duara pale iliponibana. Nikavuta ncha ya kanga nikajifunika mdomo kama mtu anayejikinga na baridi.

Nilichofikiri ni hiki, na nimejaribu mara nyingi kukumbuka kingine kilicho bora zaidi: nina wadogo. Watanifanya nini, watachukua nini, nina wadogo. Elia alikuwa na miaka ishirini na moja wakati huo, ndevu zimemwota. Neema alikuwa anasubiri matokeo ya kidato cha nne. Hakukuwa na mtoto wa kumkinga pale. Niliyemkinga ni mimi.

Fundi akatokea kwenye migomba akihema, chupa ya chai mkononi. Aliwaona watu, akaona pembe, akaniangalia. Aliitazama kanga yangu, si macho yangu. Akaiweka chupa chini taratibu, akaiokota pembe, akaipangusa.

"Ni mimi," akasema.

"Wewe?" Mzee wa ndiva hakuamini. "Wewe unayejua?"

"Ni mimi. Nilitaka vijana waisikie."

Kwa miaka yote ile ndiyo mara pekee nilimsikia akisema uongo. Aliusema vibaya, kama mtu asiyejua kushika chombo cha kazi ya mwingine, lakini wakamwamini, kwa kuwa hakuwa anadanganya.

Walikaa palepale wakaamua. Pembe ikatoka nyumbani kwake siku ileile, ikaenda nyumba nyingine. Na kwa kuwa aliwaita watu kwa kazi isiyokuwepo, afanye yeye peke yake kazi ya wote: asafishe mfereji kutoka kijitoni mpaka kwenye ndiva. Yule bibi aliyekaa kwenye tope alimtazama tu Fundi na kutikisa kichwa, na huko kutikisa kichwa kulikuwa kwangu.

Njiani kuteremka Elia aliniambia, "Dada, rudi useme."

"Kesho," nikasema.

Elia hajaniuliza tena. Ananiheshimu kama zamani, ananiletea chai, ananiita Dada. Ila wimbo wa tisa anaupiga amenipa mgongo.

Maana huo wimbo tuliutoa. Gody hakuwa amezima kitu. Maiki zilichukua pembe mara tatu, miguu, majembe yakigongana, na ile sauti inayouliza, "Nani kapuliza?" Halafu kimya. Mahali ambapo Fundi alijibu, Gody amekata, na gitaa la Elia linaingia. Albamu tumeiita *Nani Kapuliza*. Watu wanaisikiliza kwenye simu zao, na kijana mmoja wa Dar es Salaam aliandika kwamba kile kimya cha kabla ya gitaa ndicho kitu kizuri kuliko vyote kwenye albamu nzima. Ni mimi huyo. Ndiyo kazi yangu bora, kimya changu.

Fundi alianza mfereji wiki iliyofuata. Siku mbili gereji, siku nne juu. Nilimwambia nitamsaidia, akasema hapana, walisema mmoja. Mwezi wa pili wa kazi hiyo aliteleza kwenye mawe karibu na kijito, akaangukia kiwiko, na mkono wa kushoto ukapona vibaya. Haukunji tena vidole vyote. Kodi zake mbili zilikuwa za mkono huo. Spana pia.

Aliniachia gereji. Hakufanya hotuba, alinipa funguo na lile kopo la nusu nati. "Honi bonyeza mwenyewe," akasema.

Mwezi uliopita nilipanda kumwona. Nilikuwa nimeazimia. Nilivaa vizuri, kama mtu anayekwenda kanisani, ili nikitoka kwake nipite moja kwa moja kwa mzee wa ndiva. Nilimkuta kwenye mfereji, amekaa juu ya jiwe, anatoa majani kwa kijiti. Wazee walikuwa wamekwishamwambia zamani kwamba inatosha. Yeye aliendelea kwa mkono mmoja, kidogo kidogo.

"Shikamoo, Fundi."

"Marahaba, mwanangu. Umependeza. Nani anaoa?"

Nikamwonyesha albamu kwenye simu. Hakuwa ameisikia. Akaingiza mkono kwenye koti akatoa bisibisi ile ile ndefu, maana masikio yamepungua, akaweka ncha kwenye simu na mpini sikioni, akafumba macho. Nilimwekea wimbo wa tisa kwa sababu sikuwa na haki ya kumwekea mwingine. Pembe ikalia mara tatu. Miguu. Swali. Kimya. Gitaa. Nilisubiri aseme inalalamika juu yangu.

"Ile ya tatu umeipuliza vizuri," akasema. "Ngoma zimechelewa kidogo."

Nikapiga magoti kwenye majani mabichi na nguo yangu nzuri. "Fundi, leo nakwenda kwa mzee. Nakwenda kusema."

"Utasema nini?"

"Ukweli."

"Kwamba mimi mwongo?" Hakuuliza kwa hasira. "Nilisimama mbele ya watu wote wale nikasema ni mimi. Ukisema leo, nitakuwa nimewaita bure na nimewadanganya pia. Nitapitaje njia hii?"

Miezi yote nilikuwa nimefikiria nitakavyosema, sikuwa nimefikiria yeye atakavyoishi nikishasema.

"Basi nifanye nini?"

Alichomoa jani, akaacha maji yapite. "Subiri wapulize kwa ajili yangu. Siku hiyo watakuja wote, tena na majembe. Hutahangaika kupita nyumba kwa nyumba." Akacheka, na akanishika bega kwa ule mkono usiokunja. "Siku hiyo sema. Nitakuwa sina njia ya kupita."

Sikucheka. Niliomba jembe, na safari hii hakukataa. Tulichimba mpaka jua likawa upande wa pili wa mlima, yeye akielekeza kwa kijiti. Tulisogea hatua chache. Kutoka pale mpaka kwenye ndiva pamebaki parefu.

Ndiyo maana sijaandika jina lake. Atakayelitambua, namwomba anyamaze mpaka siku yenyewe, kwa ajili yake, si yangu. Naomba aishi miaka mingi, naomba kila asubuhi nikifungua gereji, na simu ikiingia kutoka juu naacha nilichoshika mpaka nisikie sauti yake. Lakini kila siku anayoishi ni siku nyingine ninayokaa kimya bila kuulizwa, na sijui tena, ninapomwombea uzima, ni nani hasa ninayemwombea.

Jembe nimelinunua. Liko nyuma ya mlango wa gereji, mpini wake bado mweupe.